Kila Njaa na Kipimo Chake

Wakamba wa Kenya huzipa njaa zao majina. Ile iliyoikumba nchi yote mwishoni mwa karne ya 19, wakati reli ya Uganda ikikatiza Ukambani, ni Ngomanisye. Ya 1961 ni njaa ya Ndeke, yaani ndege, kwa sababu chakula cha msaada kilishuka kutoka angani. Mapema katika miaka ya 1980 ikaja Nikw'a Ngwete: nafa nimeshika. Kilichoshikwa ni pesa. Noti zilikuwa mkononi, unga haukuwapo madukani.

Jina hilo la tatu lina uzito wa pekee kwa yeyote anayetaka kuelewa jinsi watu wanavyoamua ni nani aliyefanikiwa maishani. Mtu aliyeipitia njaa ile hawezi kuwa na wazo moja la mafanikio na mjukuu wake aliyezaliwa baada ya M-Pesa kuanza 2007, hata kama wanalala boma moja huko Matiliku, Makueni. Wakibishana kuhusu kuuza ng'ombe ili kijana anunue pikipiki, kila mmoja anajikinga na adui wake: mzee anajikinga na mwaka usio na mvua, kijana anajikinga na kukaa bure mpaka mvi zimwote akiwa bado anaitwa kijana.

Swali la mafanikio huulizwa kana kwamba ni swali la matamanio. Tunawauliza watu wanataka nini, nao wanatutajia nyumba, gari, watoto waliosoma, amani. Orodha hiyo hufanana karibu kila mahali, na kwa hiyo haitufundishi mengi. Nadhani tungejifunza zaidi kwa kuuliza watu wameona nini kikiharibika. Kila fasili ya mafanikio iliyoshika mizizi katika kaunti za Makueni na Kitui ilizaliwa kama jibu la hofu fulani, na ugomvi mwingi kati ya wazee na vijana, wake na waume, serikali na raia, unatokana na hofu zisizolingana.

Tuanze na kipimo cha kale zaidi, mifugo na ghala. Matiliku iko karibu na Mlima Nzaui, ambako, kwa masimulizi ya asili ya Wakamba, Mulungu aliwashusha mume na mke wa kwanza juu ya mwamba. Nyayo zao, wasema wazee, zingali zinaonekana kwenye jiwe. Nchi waliyokabidhiwa wazao wao haikuwa rahisi. Mvua huja kwa misimu miwili, mfupi wa mwisho wa mwaka ukitegemewa zaidi na mkulima kuliko ule wa Machi, na mara nyingi msimu mzima huadimika. Katika nchi ya namna hiyo ikumbi iliyojaa nafaka na mbaazi ndiyo uhai wa mtu. Ng'ombe nao walikuwa ghala linalotembea: waliweza kupelekwa syengo, kwenye malisho ya mbali, waliweza kubadilishwa kwa nafaka na majirani wa nyanda za juu, na walilipa mahari iliyofunga undugu na watu wa mahali pengine ambako labda mvua ilinyesha. Aliyekuwa na mifugo mingi hakuwa anajivunia tu. Alikuwa na mahali pa kukimbilia, na wengine walikimbilia kwake.

Hata wafanyabiashara wakubwa wa karne ya 19 walipimwa kwa mizani hiyo. Kivoi wa Kitui, aliyempokea mmisionari Johann Ludwig Krapf mwaka 1849, aliongoza misafara ya pembe za ndovu hadi Mombasa. Ni katika safari ile Krapf alipouona Mlima Kenya. Miaka miwili baadaye Kivoi aliuawa kwa kuvamiwa njiani karibu na Mto Tana. Pembe alizouza zimesahauliwa, ila jina lake linakumbukwa kwa sababu watu walimfuata, na aliyefuatwa njiani ndiye aliyetegemewa nyumbani wakati wa dhiki.

Mwaka 1938 kipimo hiki kiligongana na kingine. Serikali ya kikoloni ilitazama Ukambani ikaona mmomonyoko: makorongo, milima mitupu, udongo unaochukuliwa na maji. Maofisa wake wa hifadhi ya udongo walikuwa wameandika kwa kukata tamaa kuhusu hali hiyo, na hawakuwa wakisema uongo, ardhi ilikuwa imechoka kweli. Lakini walisahau, au hawakutaka kukumbuka, kwamba watu walikuwa wamebanwa ndani ya mipaka waliyotengewa huku malisho yao ya zamani yakipewa walowezi. Dawa waliyoichagua ni kupunguza ng'ombe kwa nguvu. Mifugo ilikamatwa na kuuzwa kwa mnada, na kiwanda cha nyama cha kampuni ya Liebig huko Athi River kilikuwa kikingoja. Kwa ofisa, ng'ombe aliyekonda ni hasara inayotembea. Kwa mwenye ng'ombe, hata aliyekonda ni bima dhidi ya Ngomanisye nyingine. Ndipo Muindi Mbingu alipowaongoza wanaume, wanawake na watoto kwenda Nairobi kwa miguu. Wakapiga kambi Kariokor wakidai kumwona gavana, wakakataa kuondoka kwa wiki kadhaa. Mbingu alikamatwa na kupelekwa uhamishoni Lamu, lakini serikali iliacha kuwanyang'anya watu mifugo kwa lazima. Leo barabara moja katikati ya Nairobi ina jina lake.

Nimeieleza habari hii kwa kirefu kwa sababu inaonyesha hatari ambayo mijadala yetu huipita haraka. Watu kutofautiana juu ya mafanikio si jambo baya. Ubaya huanza pale mwenye nguvu anapochukua kipimo chake, akakipeleka kwenye boma la mwenzake, na kuanza kuhesabu.

Kipimo cha pili ni jina. Mzee wa Kikamba hutaka kuona wajukuu wenye jina lake, na hofu iliyo nyuma yake inajulikana: boma kufungwa. Wakamba walikuwa na desturi ya iweto, ambapo mwanamke asiye na mtoto huoa mke ili azaliwe watoto katika nyumba yake, na watoto hao wakawa wake kwa haki zote. Jamii haibuni ndoa ya namna hiyo kwa mchezo. John Mbiti, aliyezaliwa Mulango, Kitui, mwaka 1931, na ambaye kitabu chake cha 1969 kuhusu dini na falsafa za Kiafrika kilisomwa dunia nzima, alieleza kwamba aliyekufa hubaki miongoni mwa wafu walio hai maadamu wapo watu wanaomkumbuka kwa jina. Akitoweka wa mwisho anayemkumbuka, hapo ndipo kifo kinapokamilika. Kwa kipimo hiki tajiri asiye na wa kumtaja ni maskini, na bibi aliyelea wajukuu saba katika nyumba ya mabati amefika mbali.

Wazo hili si la Ukambani peke yake. Herodotus anasimulia kwamba mfalme Croesus, aliyekuwa amejaa dhahabu, alimuuliza Solon wa Athens ni nani mwenye heri kuliko wote duniani, akitarajia kutajwa yeye. Solon akamtaja Tellus, raia wa kawaida, aliyeona watoto wa watoto wake wote wakiwa hai, akafa akiipigania nchi yake, akazikwa kwa heshima na watu wake. Mzee yeyote wa Nzaui angemwelewa Solon kabla hajamaliza kusema.

Ukitaka kuona kipimo hiki kikitumika, nenda mazishini. Wasifu unaosomwa mbele ya jeneza hufuata mpangilio ambao kila mtu anaujua: alizaliwa wapi, alisoma wapi, aliajiriwa wapi, aliolewa au alioa lini, ameacha watoto na wajukuu wangapi. Watu husikiliza kwa makini sehemu ya mwisho. Halafu husimama jirani kusema kile ambacho hakikuandikwa, kwamba marehemu alimpa mbegu mwaka wa kiangazi, au kwamba mwanawe alisomeshwa na marehemu kimyakimya. Nimeona nyuso zikibadilika hapo kuliko wakati wa kutajwa kwa vyeti na vyeo.

Kipimo cha tatu, na ndicho chenye nguvu kuliko vyote hivi sasa, ni cheti. Hofu iliyokizaa ni rahisi kuieleza. Mzazi aliyeona mahindi yakikauka misimu mitatu mfululizo hataki mwanawe ategemee mvua. Baada ya uhuru, cheti cha kidato cha nne kiliweza kumfanya mtu mwalimu, karani, askari, na mshahara haukujali kama mawingu yamepita. Ndiyo maana watu wa Ukambani walijenga shule za harambee kwa matofali waliyochoma wenyewe. Ndiyo maana mbuzi huuzwa Januari, ada inapodaiwa. Na ndiyo maana mbai, ukoo, hukutana na kuchangishana ada ya mtoto ambaye wengi wao hawajawahi kuzungumza naye.

Hesabu hiyo ilikuwa ya busara. Tatizo ni kwamba kipimo huishi muda mrefu kuliko hali iliyokizaa. Katika mtihani wa kidato cha nne, KCSE, wa 2015 watahiniwa 2,685 walipata gredi ya A. Mwaka uliofuata, usimamizi ulipokazwa kuzuia wizi wa mitihani, waliopata A walikuwa 141. Waliofikisha C+, gredi ya kuingilia chuo kikuu, walikuwa takriban 89,000 kati ya zaidi ya 570,000. Yaani nchi iliwatazama vijana wake na kuwaambia zaidi ya wanane kati ya kila kumi kwamba hawakufika. Mwaka 2024, kati ya watahiniwa zaidi ya 960,000, waliofikisha C+ walikuwa kama robo. Robo tatu walirudi nyumbani.

Wanarudi wapi? Wanarudi Matiliku, Kalamba, Mulala, Mutomo, Mwingi. Kijana aliyepata D huitwa kwa gredi yake kwa muda mrefu, hata anapolima ndengu vizuri kuliko jirani zake wote. Na aliyepata B naye hayuko salama: walimu wenye shahada husubiri miaka kabla ya tume ya walimu, TSC, kuwaajiri, na kijana aliyesomeshwa na ukoo mzima hawezi kukaa nyumbani bila kuona macho ya waliochanga. Jambo hili halisemwi vya kutosha. Mahali ambapo ada hutoka kwa mzazi peke yake, mwanafunzi asiyepata kazi amemvunja moyo mzazi. Ukambani, ambako ada hutoka kwa mbai, amebeba deni la watu hamsini. Elimu iliyolipiwa na wengi humpa mtoto maskini nafasi ambayo asingeipata, nami sitaidharau hata kidogo, lakini pia humnyima nafasi ya kusema kwamba anataka kitu kingine.

Vijana wenyewe wana neno lao, kuomoka, yaani kupata pesa. Kwao aliyefanikiwa ni aliyeomoka, na haijalishi sana kwa njia gani. Tangu serikali ilipoondoa kodi ya VAT kwa pikipiki ndogo mwaka 2008, bodaboda imekuwa ajira ya kwanza ya vijana wengi katika masoko haya, na barabara kuu ya Mombasa inayopita Emali huwavuta wengine kwenda Nairobi, Mombasa, au mbali zaidi, Saudi Arabia na nchi nyingine za Ghuba, hasa wasichana wanaokwenda kufanya kazi za nyumbani. Kipimo chao huhesabiwa Desemba. Magari hujaa barabarani, na kila anayerudi hukaguliwa kwa macho: amekuja na nini, amejenga au bado anapanga, amemnunulia mama tangi la maji? Wapo wasiorudi Desemba kwa miaka mingi, si kwa kukosa nauli, ila kwa kukosa cha kuonyesha. Hiyo ni hasara kubwa, kwa kuwa kipimo kinachomfanya mtu aogope kwenda nyumbani kimemgharimu kitu ambacho pesa ilikusudiwa kulinda.

Wazee huwalaumu vijana kwa haraka yao. Lakini kijana huyu ameona cheti cha kaka yake kikikaa sandukuni, ameona mahindi ya baba yake yakikauka, na ameona shamba likigawanywa mara mbili. Amehitimisha kwamba kinachosubiriwa hakimfikii anayesubiri. Hesabu yake inaweza kuwa na makosa, na kamari za simu zimewala wengi waliodhani wamepata njia ya mkato, ila si upumbavu.

Wanawake nimewaacha hadi hapa, ingawa kwa maoni yangu wao ndio wenye fasili iliyofanya kazi vizuri kuliko zote, na hawakuitangaza. Kwa nje mwanamke hupimwa kwa mume na watoto. Wenyewe kwa wenyewe hupimana kwa maji. Katika sehemu kubwa za Makueni na Kitui, asubuhi ya mwanamke huamuliwa na umbali wa kisima au shimo lililochimbwa kwenye mchanga wa mto mkavu, na idadi ya jerikeni ambazo punda anaweza kubeba. Aliyepata maji karibu amepata saa, na mwenye saa anaweza kulima, kuuza, kukaa na watoto, au kupumzika.

Kwa hiyo walijipanga katika mwethya, vikundi vya kusaidiana kazi kwa zamu, leo kwako, kesho kwangu. Mwethya ndiyo iliyochimba sehemu kubwa ya matuta ya fanya juu yaliyobadilisha sura ya milima hii, na vikundi vya namna hiyo ndivyo vilivyojenga mabwawa ya mchanga, kuta zinazozuia mchanga wa mto wa msimu ili maji yajihifadhi chini yake yasikaushwe na jua. Mwaka 1994 watafiti Mary Tiffen, Michael Mortimore na Francis Gichuki walichapisha kitabu kuhusu iliyokuwa wilaya ya Machakos, ambayo Makueni ilikuwa sehemu yake hadi 1992. Walionyesha kwamba kati ya miaka ya 1930 na 1990 idadi ya watu iliongezeka takriban mara sita, na bado mmomonyoko ulipungua na mavuno kwa kila mtu yakapanda. Nchi ambayo maofisa wa miaka ya 1930 waliiona inakufa ilifufuliwa na watu walewale walioambiwa ng'ombe wao ni wengi mno, na majembe mengi katika kazi hiyo yalishikwa na wanawake ambao majina yao hayakuandikwa mahali. Hawakuwa wakitafuta kufanikiwa kwa maana ya kupanda juu ya wenzao. Tuta lako halishiki maji kama la jirani yako wa juu limebomoka.

Bado kuna mengi ambayo mwethya haikuweza. Sheria ya Urithi iliyoanza kutumika 1981 na Katiba ya 2010 zimempa binti haki ya ardhi ya baba yake, lakini mabinti wengi hawaidai kwa kuogopa kuvunja undugu na kaka zao. Ndiyo maana chama cha akiba kina uzito kwao: ni mali ambayo hakuna kaka anayeweza kuigawa.

Serikali ya kaunti nayo, tangu ugatuzi wa 2013, imekuwa na fasili yake. Chini ya gavana wa kwanza, Profesa Kivutha Kibwana, Makueni ilianzisha mwaka 2016 mpango wa afya ambao kaya ililipa shilingi 500 kwa mwaka na kutibiwa katika hospitali za kaunti, zikiwemo za ngazi ya chini kama ile ya Matiliku. Hofu iliyojibiwa hapo inajulikana katika kila kijiji: ugonjwa unaouza shamba. Mwaka 2017 kiwanda cha matunda kilifunguliwa Kalamba, kujibu hofu nyingine, ya maembe kuozea chini ya mti huku mabroka wakipanga bei. Wageni walikuja kutoka kaunti nyingine kujifunza. Halafu mwaka 2022 Kibwana akagombea useneta wa Makueni, na wapiga kura wakamchagua Dan Maanzo wa chama cha Wiper, chenye ngome Ukambani. Sioni kwamba watu walikuwa hawana shukrani. Uchaguzi ule ulikuwa pia swali la nafasi ya Wakamba katika meza ya taifa, na kubaki nje ya meza hiyo ni hofu iliyo na uzito wake.

Fasili moja haiingii sawasawa katika hoja yangu, nayo ni ya imani. Wapo watu wengi hapa, wa Africa Inland Church, wa Kanisa Katoliki na wengineo, ambao kwao kufanikiwa ni kuishi kwa uaminifu na kufa wakiwa tayari. Mtu anaweza kusema hiyo pia ni hofu, ya hukumu. Nikiwatazama wazee wanaoishi hivyo, sioni hofu. Naona watu walioacha kujipima. Mahubiri mapya yanayofundisha kwamba gari ni ushahidi wa baraka yamewarudisha wengi kwenye mizani ambayo imani ilikuwa imewatoa, na hilo naliona ni jambo la kusikitisha.

Turudi kwenye cheti, kwa kuwa sasa kipimo hicho kinabadilishwa kisheria. Mtihani wa kumaliza shule ya msingi, KCPE, ulifanywa mara ya mwisho 2023, wanafunzi wa kwanza wa Gredi 9 walifanya mtihani wa sekondari ya chini, KJSEA, mwaka 2025, na KCSE imepangwa kumalizika 2027. Katika sekondari ya juu mwanafunzi huchagua mkondo: sayansi na teknolojia, sayansi za jamii, au sanaa na michezo. Ripoti haimwambii tena mtoto kwamba amefeli, inasema yuko juu ya matarajio, ameyafikia, anayakaribia, au yuko chini yake. Waliobuni maneno hayo walikuwa na nia njema, lakini wazazi wa Matiliku hawakushika gredi kwa kupenda herufi. Waliishika kwa sababu waliona mwalimu akipokea mshahara mwaka wa kiangazi. Wataiachilia watakapoona fundi wa umeme kutoka chuo cha ufundi cha kaunti akijenga, akioa, na kuwalipia wadogo zake ada wakati mvua imekataa. Kwa hiyo kinachopaswa kubadilika kwanza ni malipo ya fundi huyo, na kazi hiyo haiwezi kufanywa na Wizara ya Elimu peke yake.